Majua Sita na Usiku Mmoja: Rekodi za Mwanga Katika Dunia za Kubuni

Katika dunia yetu mwanga una kasi moja penye utupu, kilomita 299,792 kwa sekunde, na hakuna kitu kilichowahi kuipita. Waandishi wa dunia za kubuni hawajawahi kufungwa na kiwango hicho. Wamewasha majua mapya, wakaunda rangi zisizokuwamo kwenye upinde wa mvua, wakapunguza mwendo wa mwanga mpaka ukaonekana ukitembea, na wengine wakauzima kabisa ili waone binadamu atafanya nini gizani. Kati ya nuru hizo zote, chache zimefika ambako nyingine hazijafika. Hizo ndizo nilizozikusanya hapa.

Ukali wa mwanga sikuufanya kigezo. Kuandika kwamba jua la sayari fulani linawaka mara elfu kuliko letu ni kazi ya sentensi moja, na haimgharimu mwandishi chochote. Nilichotafuta ni mwanga wenye sheria yake, kiasi kwamba watu wanaoishi chini yake wanasali, wanajenga, wanaogopa na kuomboleza tofauti na sisi. Kwa kipimo hicho, dunia nyingi zinazong'aa sana zinaanguka mapema, na vitu vidogo kama kidirisha kimoja cha kioo vinapanda juu.

Usiku uliokawia kuliko wote

Hapa sioni mpinzani. Septemba 1941 jarida la Marekani la Astounding Science Fiction lilichapa hadithi fupi iitwayo "Nightfall". Mwandishi wake, Isaac Asimov, alikuwa na umri wa miaka 21. Wazo lilitoka kwa mhariri, John W. Campbell, aliyemsomea fikra ya Ralph Waldo Emerson kuhusu nyota ambazo zingejitokeza usiku mmoja tu katika miaka elfu. Emerson aliamini binadamu wangeabudu na kuikumbuka siku hiyo vizazi kwa vizazi. Campbell aliona wangerukwa na akili, akamtuma kijana wake akaiandike hadithi.

Sayari ya Lagash ina majua sita. Likizama moja jingine liko juu, kwa hiyo wakazi wake hawajui usiku ni kitu gani. Lakini mara moja katika kila miaka 2,049 hutokea kwamba jua moja tu, dogo na jekundu, ndilo lililobaki upande mmoja wa sayari, na mwezi ambao hakuna aliyewahi kuuona kwa sababu ya mwangaza wa siku zote unapita mbele yake. Kupatwa huko kunadumu muda wa kutosha sayari kujizungusha, hata pasiwe na mahali panaposalimika.

Ubora wa hadithi hii uko katika uangalifu wa Asimov. Alijiuliza mtu asiyejua usiku atakuwa amekosa nini kingine, akaifuata hesabu hiyo mpaka mwisho. Atakuwa amekosa nyota, bila shaka. Wanajimu wa Lagash ni wasomi wazuri, wanaijua kanuni ya mvutano, lakini ulimwengu wao mzima ni majua sita. Mmoja wao anapothubutu kubuni kwamba huenda kuna majua mengine mbali sana, anakisia dazeni moja au mbili, na hata hapo wenzake wanaona amevuka mpaka. Giza linapoanguka zinatokea elfu thelathini, kwa kuwa Lagash imo katikati ya kundi kubwa la nyota.

Watu hao wamekosa pia mazoea ya giza lenyewe. Kwenye maonyesho ya Jonglor kulijengwa njia ya chini kwa chini yenye giza totoro, safari ya dakika kumi na tano, na watu wakalipa kuingia wakidhani ni burudani. Baadhi walitolewa wamekufa kwa hofu. Waliotoka hai, wapo waliokataa kuingia tena ndani ya nyumba yoyote. Na wamekosa taa. Usiku unapokaribia, wanasayansi wa chuo kikuu cha Saro wanatoa kwa fahari uvumbuzi wao mpya kabisa: mashina ya matete yaliyochovywa mafuta ya wanyama, yakichomwa yanatoa moshi, harufu mbaya na mwanga wa manjano unaocheza. Wanaume wazima wanayazunguka na kuyakodolea macho. Msomaji wa huku kwetu, anayewasha kibatari au tochi ya simu umeme ukikatika bila kukatiza mazungumzo, ataelewa papo hapo ni umbali gani uliopo kati yake na watu wale.

Kilichobaki ni cha kutisha. Wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta chini ya ardhi ya Lagash ustaarabu tisa uliofikia kimo kama chao, na wote uliishia motoni. Hakukuwa na vita. Kila mara giza lilipoanguka watu walichoma chochote kilichokuwa karibu, wapate mwanga. Hadithi inamalizikia na wekundu unaopanda kwenye upeo wa macho, upande wa mjini, na hakuna jua lolote upande huo.

Mwaka 1968 chama cha waandishi wa bunilizi za kisayansi wa Marekani kiliipigia kura kuwa hadithi fupi bora kati ya zote zilizotoka kabla ya tuzo zao za Nebula kuanza. Mwaka 1990 Asimov na Robert Silverberg waliirefusha ikawa riwaya, na sayari ikaitwa Kalgash. Mimi nabaki na ile fupi. Na kwa anayedhani majua sita ni chumvi ya mwandishi, Castor, nyota tunayoiona kwa macho matupu katika kundi la Mapacha, ni nyota sita zinazozungukana.

Mwanga wa polepole kuliko wote

Kwa rekodi hii wapo wawili, na wametengana sana.

Wa kwanza ni Terry Pratchett, Mwingereza aliyeanzisha mfululizo wa Discworld mwaka 1983 kwa riwaya ya The Colour of Magic. Dunia yake ni sahani iliyobebwa na tembo wanne, nao wamesimama juu ya gamba la kobe mkubwa anayeogelea angani. Uchawi umejaa kiasi cha kuupunguza mwendo mwanga wenyewe. Alfajiri haiji kwa mpigo mmoja kama kwetu. Inatiririka taratibu juu ya mashamba na vijiji, na ikikuta safu ya milima inajikusanya nyuma yake kwanza, kisha inafurika upande wa pili. Pratchett aliliandika hilo kwa wepesi na mapenzi, na ni mojawapo ya picha za asubuhi zilizo nzuri sana katika fasihi ya Kiingereza ya karne iliyopita.

Wa pili ni Bob Shaw wa Belfast, na hapo ndipo rekodi ilipo. Hadithi yake "Light of Other Days" ilitoka mwaka 1966, na ndani yake kuna kioo ambacho mwanga hukipita kwa miaka. Kioo cha miaka kumi hutundikwa mahali pazuri, tuseme mbele ya ziwa na milima ya Uskoti, kikae pale miaka kumi kikinywa mandhari. Baada ya hapo mtu anakinunua, anakiweka kwenye dirisha la nyumba yake mjini, na kwa miaka kumi inayofuata anatazama ziwa lile: mawimbi, mawingu, ndege wakipita, mchana na usiku kwa zamu zake. Watu wa hadithi hiyo wamefanya biashara kubwa ya vioo hivyo, na Shaw anaieleza biashara yenyewe kwa utulivu wa mtu aliyewahi kuwa dukani: bei inategemea uzuri wa mandhari na miaka iliyobaki ndani ya kioo.

Mume na mke walioko likizoni, wasioelewana, naye mke ana mimba asiyoifurahia, wanasimama kwenye nyumba ya muuzaji mmoja huko mashambani. Muuzaji amekaa juu ya ukuta wa mawe mbele ya nyumba yake. Kupitia dirishani wanamwona mwanamke kijana na mtoto mdogo wa kiume wakiendelea na mambo yao. Mwanamke yule hawaangalii wageni hata mara moja. Wanaongea bei. Mvua inaanza kunyesha, na mke wa mteja anakimbilia mlangoni kurudisha blanketi waliloazimwa. Anafungua. Ndani ni chumba kichafu cha mtu anayeishi peke yake.

Mke wa muuzaji na mwanawe waligongwa na gari miaka sita kabla, na dereva hakusimama. Dirisha la nyumba ile ni kioo cha miaka kumi. Ndiyo maana mwenye nyumba anakaa nje ukutani.

Sijui mwanga mwingine wa kubuni uliofanya kazi kubwa hivyo katika kurasa chache hivyo. Shaw hakuhitaji mfalme, upanga wala unabii. Alibadilisha jambo moja tu la kimaumbile, kisha akauliza nani angelihitaji kuliko wote, na jibu likawa mfiwa.

Miaka 33 baadaye maabara iliusogelea uvumbuzi wake. Mwaka 1999 mwanafizikia wa Denmark Lene Hau na wenzake huko Harvard waliupitisha mwanga kwenye wingu la atomi za sodiamu lililopozwa karibu na baridi ya mwisho kabisa, ukashuka hadi mita 17 kwa sekunde. Hiyo ni kama kilomita 61 kwa saa, mwendo wa bodaboda kwenye lami isiyo na foleni. Mwaka 2001 waliusimamisha kabisa kwa muda mfupi sana, kisha wakauachia uendelee. Kioo cha miaka kumi bado ni cha Shaw peke yake.

Rangi isiyo na jina

Kuna waandishi walioona majua hayatoshi, wakataka rangi mpya. Pratchett ana ya nane, octarine, inayoonwa na wachawi na paka tu, na wachawi wake wamepewa ndani ya jicho chembe maalumu za pembe nane za kuipokea. Mwandishi David Lindsay alikwenda mbali zaidi mwaka 1920 katika A Voyage to Arcturus. Sayari yake ya Tormance ina majua mawili, na lile la bluu linaleta rangi mbili za msingi ambazo jicho letu halina, anazoziita ulfire na jale. Anajaribu kutueleza hisia ambazo kila moja inaamsha, na namheshimu kwa kujaribu, ingawa mwishoni yanabaki majina.

Taji la rangi nampa H. P. Lovecraft, kwa sababu yeye hakujaribu kuieleza kabisa. Katika "The Colour Out of Space", iliyochapwa Septemba 1927, kimondo kinaanguka kwenye shamba la mkulima Nahum Gardner huko Massachusetts. Ndani yake kuna rangi ambayo haimo katika zile tunazozijua, na watu wanaiita rangi kwa kukosa neno jingine. Kuanzia hapo hadithi ni ya shamba. Matunda yanakuja makubwa na machungu. Majani yanang'aa kidogo usiku. Ng'ombe wanakauka na kumeguka wakiwa hai, na familia inapungua mmoja mmoja huku baba akiendelea kuamka na kufanya kazi zake. Mtu yeyote aliyekulia penye kilimo ataisoma kwa uchungu wa pekee, maana kitu kinacholiwa pale kwanza ni udongo na maji ya kisima, na mwanga ndio mlaji.

Nuru iliyosafiri mbali kuliko zote

J. R. R. Tolkien alizaliwa Bloemfontein, Afrika Kusini ya leo, mwaka 1892, akapelekwa Uingereza angali mtoto mdogo. Alifanya kazi juu ya nuru ya dunia yake maisha yake yote, na sehemu kubwa ya kazi hiyo ilitoka baada ya kifo chake, katika The Silmarillion ya mwaka 1977, iliyohaririwa na mwanawe Christopher.

Katika dunia hiyo nuru ni kongwe kuliko jua. Kwanza zilikuwapo taa mbili juu ya nguzo ndefu, zikaangushwa na adui. Kisha ikaoteshwa Miti Miwili: Telperion wa fedha na Laurelin wa dhahabu. Kila mti ulichanua na kufifia kwa muda wa saa saba, na mmoja uliamka saa moja kabla mwenzake hajazimika, kwa hiyo mara mbili katika siku ya saa kumi na mbili nuru ya fedha na ya dhahabu zilichanganyika. Umande ulioanguka kutoka kwenye miti hiyo ulikingwa na kuwekwa katika visima vilivyong'aa. Tolkien alikuwa mtu wa kupanga ratiba hata ya peponi, na ratiba hiyo ndiyo inayotufanya tuamini kwamba miti ilikuwapo.

Fundi aitwaye Fëanor akaifungia nuru ya miti hiyo ndani ya vito vitatu, Silmaril. Baadaye Melkor, yule adui, akaja na buibui mkubwa, Ungoliant, aliyeifyonza miti mpaka ikafa. Ua la mwisho la Telperion likafanywa mwezi, tunda la mwisho la Laurelin likafanywa jua. Kwa hiyo jua ambalo watu wa dunia hiyo wanaliona ni salio tu. Nuru kamili ilibaki katika vito vitatu, navyo vilileta vita, viapo na mauaji ya ndugu kwa ndugu. Kimoja kikaishia baharini, kimoja katika shimo la moto ardhini, na kimoja angani, ambako baharia Eärendil anakipeperusha kama nyota.

Sasa fuata safari ya hicho cha tatu. Katika The Lord of the Rings, iliyotoka kati ya mwaka 1954 na 1955, bibi Galadriel anakinga mwanga wa nyota hiyo katika maji ya chupa ndogo, anampa Frodo. Ndani ya pango la Shelob, gizani, chupa hiyo inawaka mkononi mwa Frodo, na baadaye mkononi mwa Sam, mtunza bustani. Shelob ni buibui, wa mwisho katika watoto wa Ungoliant. Kwa kalenda ya Tolkien mwenyewe imepita zaidi ya miaka 6,000 tangu nyota ile ipande angani mara ya kwanza. Nuru ya miti iliyouawa na mama inamshinda mtoto, mikononi mwa mtu asiyeijua hata robo ya historia yake, na Tolkien hasimami kutuonyesha kidole. Anayetaka kuona jinsi mwandishi anavyolipa deni alilolikopa mamia ya kurasa nyuma, aifuate chupa hiyo.

Zinazonyweka, zinazoota, zinazozeeka

C. S. Lewis, rafiki wa Tolkien, hakuwa na subira ya kupanga hivyo, lakini kwa wingi wa mawazo hakuna aliyemfikia. Narnia, dunia aliyoibuni, peke yake ina rekodi tatu.

Ya kwanza ni taa ya barabarani inayowaka katikati ya msitu bila mafuta wala waya, tangu kitabu cha mwaka 1950. Asili yake ilielezwa mwaka 1955: siku Narnia ilipoumbwa udongo ulikuwa na rutuba ya kuotesha chochote, na kipande cha chuma cha taa ya London kilichoanguka pale kikaota taa nzima. Ya pili ni nyota aliyestaafu. Ramandu ni mzee anayeishi kisiwani, na kila asubuhi ndege anamletea tunda la moto kutoka mabonde ya jua. Kila tunda linampunguzia uzee kidogo, mpaka atakapokuwa mchanga kama mtoto aliyezaliwa jana, ndipo atapanda tena angani. Ya tatu, ninayoipenda zaidi, imo katika The Voyage of the Dawn Treader ya mwaka 1952. Narnia ni bapa, kwa hiyo anayesafiri mashariki analikaribia jua kwelikweli. Jua linakua kila alfajiri, bahari inageuka maji matamu, na maji hayo ni kama mwanga wa kunywa. Waliokunywa hawakutamani chakula wala usingizi, wakaweza kulitazama jua bila kufumba macho.

Majua mengine kwa ufupi

Jua lisiloaminika kuliko yote ni la Trisolaris, katika riwaya ya Mchina Liu Cixin iliyoanza kuchapwa mwaka 2006. Ni majua matatu yanayovutana bila mpangilio unaotabirika. Enzi ya utulivu inaweza kudumu karne au siku chache, na wakazi wake hujikausha miili na kuhifadhiwa ghalani wakisubiri hali nzuri irudi. Toleo la Kiingereza lilipata tuzo ya Hugo mwaka 2015.

Machweo mashuhuri kuliko yote ni ya Tatooine, katika filamu ya kwanza ya Star Wars ya mwaka 1977, yenye kijana aliyesimama akitazama majua mawili yakizama. Jangwa lile ni la Tunisia, kwenye uwanda wa chumvi wa Chott el-Djerid, na jina la sayari linatokana na mji wa Tataouine nchini humohumo. Mwaka 2011 wanasayansi wa darubini ya Kepler walitangaza Kepler-16b, sayari inayozunguka nyota mbili kwa pamoja, na wengi wakaipa papo hapo jina la Tatooine.

Giza refu kuliko lote ni la William Hope Hodgson katika The Night Land ya mwaka 1912, ambako jua limekufa zamani na binadamu waliosalia wanaishi ndani ya piramidi kubwa ya chuma. Lugha yake ni nzito, lakini picha yenyewe haisahauliki.

Taa mashuhuri kuliko zote ni ya Aladini, na kazi yake kubwa haikuwa kumulika. Hadithi hiyo haimo katika miswada ya kale ya Kiarabu ya Alfu Lela u Lela. Mfaransa Antoine Galland aliisikia Paris mwaka 1709 kutoka kwa Hanna Diyab, msimulizi wa Aleppo nchini Syria, naye Galland hakumtaja katika kitabu. Ni haki jina la Diyab litajwe kila taa hiyo inapotajwa.

Zilizo karibu na kweli kuliko zote

Msitu wa Pandora, katika filamu ya Avatar ya mwaka 2009, unang'aa usiku kila unapokanyagwa, na kwa kuwa filamu hiyo imeingiza fedha nyingi kuliko nyingine yoyote, bila kuhesabu mfumuko wa bei, huenda ndio mwanga wa kubuni ulioonwa na watu wengi zaidi. Lakini mvuvi yeyote wa pwani yetu aliyepiga kasia usiku wa giza ameuona mwanga wa namna hiyo ukiwaka ndani ya maji, unaotolewa na viumbe wadogo sana wanapotikiswa.

Jules Verne alilijua hilo mapema. Katika riwaya yake ya mwaka 1870, manowari Nautilus inapita usiku katika bahari nyeupe kama maziwa. Januari 1995 meli ya Uingereza, Lima, ilipita katika bahari ya namna hiyo karibu na pwani ya Somalia, na nahodha akaandika alichokiona. Miaka kumi baadaye wanasayansi walichimbua picha za setilaiti za usiku uleule, wakaikuta: kilomita za mraba zipatazo 15,400 zikiwaka, eneo kubwa kuliko Mkoa wa Kilimanjaro. Inaaminika ni kazi ya bakteria wasiohesabika waking'aa kwa pamoja.

Verne pia ndiye mwenye mwale wa kijani. Katika riwaya ya mwaka 1882 alisimulia, kana kwamba ni imani ya kale ya Uskoti, kwamba anayeuona mwale wa mwisho wa jua linapozama baharini, ukiwa wa kijani, ataweza kuusoma moyo wake na wa wengine. Helena Campbell anautafuta kisiwa hadi kisiwa, na unapotokea hauoni: yeye na kijana anayempenda walikuwa wakitazamana. Mwale wenyewe upo. Hewa hupinda rangi za jua kwa viwango tofauti, nyekundu inatangulia kuzama, bluu imetawanyika njiani, na kwa sekunde moja au mbili kijani ndicho kinachobaki ukingoni. Kinachohitajika ni upeo safi wa bahari. Ufuo wa Kendwa huko Unguja unautazama upande wa machweo, na kwa kuwa mwale huo hutokea hata jua linapochomoza, fukwe za mashariki kutoka Paje hadi Mombasa nazo zinafaa. Usilikodolee jua likiwa bado zima, subiri libaki kijiukingo.

Taji kuu nampa Bob Shaw. Asimov alitengeneza usiku uliochoma ustaarabu tisa, Tolkien akaisafirisha nuru miaka elfu sita, lakini Shaw alifika mbali kuliko wote kwa dirisha moja, na hakuna aliyemkaribia tangu 1966. "Nightfall" na "Light of Other Days" zote mbili zinasomeka jioni moja. Ombi langu ni kwa waandishi wa Kiswahili. Mwaka 1951 Shaaban Robert alituonyesha katika Kusadikika kwamba lugha hii inaweza kubeba nchi nzima iliyoning'inia angani. Nchi nyingine za namna hiyo ziandikwe, zenye majua yake na taa zake, nasi tuzipime kwa mizani ileile.